Serikali Isiyohitaji Watu: Dola ya Enclave katika Michezo ya Fallout na Msomaji wa Kalemie

Uhakiki wa fasihi ya Kiswahili umekwisha kuzoea maangamizi. Tangu Euphrase Kezilahabi alipotoa Nagona (1990) na Mzingile (1991), dunia iliyoharibika na msafiri anayepapasa njia ndani yake vimekuwa mandhari yanayofahamika darasani. Hata hivyo kuna swali moja ambalo riwaya hizo haziliweki mbele, kwa sababu msafiri wake anatafuta ukweli, hatafuti stakabadhi ya kodi: baada ya dunia kuungua, ni nani atakayedai kwamba yeye bado ndiye serikali?

Swali hili limewekwa mbele, tena bila kificho, na michezo ya kompyuta iitwayo Fallout, iliyoanza kutolewa Marekani mwaka 1997. Mchezo wa namna hii ni masimulizi yenye wahusika, mandhari na mazungumzo. Tofauti yake na riwaya ni kwamba msomaji hupewa nafasi ya kuchagua jibu na kubeba matokeo yake. Katika masimulizi haya vita vya nyuklia vinaiteketeza dunia tarehe 23 Oktoba 2077. Wachache wanaokolewa katika mahandaki; wengine wanabaki juu, kwenye jangwa la mionzi, wakiokoteza vyuma na kujenga vijiji. (Msomaji wa Katanga hatakosa kukumbuka kwamba urani nyingi ya mabomu ya 1945 ilichimbwa Shinkolobwe, katika jimbo ambalo Kalemie, ikiitwa Albertville, ilikuwa sehemu yake.)

Enclave inajitokeza katika Fallout 2 (1998). Ni mabaki ya serikali ya Marekani: viongozi, wanajeshi na wanasayansi waliojificha katika mtambo wa kuchimbia mafuta baharini, mbali na pwani ya Kalifornia. Wana rais, bendera, nembo na vyeo. Wasichokuwa nacho ni raia. Karibu miaka 160 baada ya vita, Rais Richardson anamweleza mchezaji, kwa sauti tulivu ya mtumishi wa umma anayefafanua bajeti, kwamba wote walioishi juu ya ardhi wamegeuzwa na mionzi na si watu tena. Dawa yake ni kirusi kitakachosambazwa hewani na kuwaua wote, isipokuwa walio safi. Wakazi wa handaki moja, na wanakijiji wa mchezaji mwenyewe, wamekwisha kutekwa ili kirusi hicho kijaribiwe juu yao.

Ufanisi wa sehemu hii uko katika utulivu huo. Richardson hana chuki, wala hapigi kelele. Anachofanya ni kurekebisha daftari: maadamu katiba ni ya watu wa Marekani, na waliopo nje hawakidhi ufafanuzi wa neno "mtu", basi kuwaua si kuvunja katiba. Waandishi wa mchezo wameona kwa ukali jinsi uhalali wa maandishi unavyoweza kuishi peke yake, baada ya nchi yenyewe kufa, na kugeuka kuwa silaha.

Lakini je, huu ndio uovu wa dola ambao msomaji wa Kalemie angeutambua? Mji huu umeziona serikali nyingi zilizodai kuwa ndizo halisi. Mwaka 1964 Albertville ilikuwa makao ya serikali ya jimbo la Katanga ya Kaskazini chini ya Jason Sendwe. Mwezi Juni waasi waliuteka mji na Sendwe akauawa. Julai, Gaston Soumialot akatangaza hapo hapo serikali ya muda. Kufikia mwisho wa Agosti jeshi la Léopoldville, likisaidiwa na mamluki, lilikuwa limeurudisha. Huko kaskazini, katika milima ya Fizi, chama cha PRP kilichoasisiwa na Laurent-Désiré Kabila mwaka 1967 kiliendesha kidola chake kwa miaka mingi, na mwaka 1984 kikashambulia Moba, kusini mwa Kalemie. Kisha kuanzia Agosti 1998 mji ukawa mikononi mwa waasi wa RCD, hadi serikali ya mpito ya 2003.

Serikali hizo zilitofautiana kwa itikadi na kwa kiasi cha damu, lakini hakuna hata moja iliyoweza kuishi kama Enclave, baharini, peke yake, ikila chakula kisichojulikana kimelimwa na nani. Zote zilihitaji mihogo ya mtu, mtumbwi wa mtu, mgongo wa mtu wa kubebea mzigo. Kiswahili cha Kongo kina majina ya kuieleza hali hii. Bulamatari, "mvunja mawe", jina alilopewa Stanley kwa lugha ya Kikongo, lilirithiwa na utawala wa kikoloni mzima. Na Leta limetoholewa kutoka Kifaransa. Majina yote mawili humwelekea mtu anayefika mlangoni akidai kitu. Wenye milango nao waliijibu Leta kwa "Kifungu cha 15", kile kifungu ambacho katika mzaha wa Wakongo kinawaambia raia wajitafutie wenyewe. Katiba ya kubuni kwa dola ya kubuni. Na wakazi wa jangwa la Fallout, wanaouza maji na vyuma chakavu, wanaishi kwa kifungu hicho bila kukijua jina.

Hapo ndipo pengo la mchezo linapoonekana. Enclave ni ovu kwa sababu haiwahitaji watu. Dola inayowahitaji watu mno, inayowarudia kila msimu na risiti mpya yenye muhuri mpya, haikupata nafasi ya kusawiriwa.

Fallout 3 (2008) inakaribia kuliziba pengo hilo, halafu inaliacha. Safari hii Enclave iko karibu na Washington, na rais wake, John Henry Eden, husikika redioni akizungumzia uchaguzi na utoto wake wa kijijini, katikati ya muziki wa gwaride. Baadaye mchezaji hugundua kwamba Eden ni kompyuta. Hakuwa na utoto wala kijiji. Kejeli hii ni nzuri, na msomaji aliyewahi kuona taarifa ya habari ya Zaire ikifunguliwa kwa uso wa Mobutu ukishuka kutoka mawinguni ataielewa haraka kuliko wengine.

Kinachogombewa ni maji. Kwenye jengo la kumbukumbu ya Jefferson upo mtambo mkubwa wa kusafisha maji ya mto yenye mionzi. Eden anataka utiwe kirusi, ili anywaye afe. Kanali Augustus Autumn, msaidizi wake, anakataa: yeye anataka mtambo uwe mali ya Enclave, ili wenye kiu waje, watii, na serikali ipate tena raia. Kwa msomaji wa Kalemie, Autumn ndiye mhusika mzito. Mji wake umekaa ukingoni mwa ziwa lenye kina cha karibu mita 1,470, la pili kwa kina duniani. Lukuga unatokea hapo kwenda kuungana na Lualaba. Na bado kipindupindu kimekuwa kikirudi mwaka hadi mwaka. Maji yapo tele, maji safi ndiyo haba, na mwenye pampu ana mamlaka ambayo mwenye bendera hana. Autumn amelielewa jambo hili. Anachotaka kukijenga ni dola ya kweli, yaani yenye kutoa na kudai, na hatari yake ni kubwa zaidi kwa kuwa wengi wangeikubali. Lakini masimulizi hayampi hata kijiji kimoja cha kutawala. Hatumwoni mama mwenye ndoo akipima kama utii ni bei nafuu. Mwishoni kanali anasimamishwa mbele ya mtambo na bastola, kama mlinzi wa zamu, na swali lake zito linamalizwa kwa risasi.

Katika Fallout: New Vegas (2010) Enclave haina tena rais wala redio. Wamebaki wazee wachache waliotawanyika, kila mmoja akiificha sare yake. Arcade Gannon, mtoto wa mmoja wa maofisa wao, ni tabibu katika mtaa wa maskini wa Freeside, akiwatibu watu walewale ambao Richardson aliwafuta kwenye daftari.