Ritifaa ya Ukuta wa Kinyozi

Karibu na steji ya Kawangware 46, iliyopata jina lake kutokana na nambari ya matatu zinazofika hapo, kuna kibanda cha kinyozi chenye ukuta wa mabati. Mchoraji ameandika kwa rangi nyekundu: "YOUR WELCOME". Herufi zimenyooka, kivuli cha manjano kimefuata kila ukingo. Kilichopaswa kuandikwa ni "YOU'RE". Mtu huyu hakubahatisha. Alifuata sikio, na sikio halikuwa na la kumsaidia, maana tunavyoyatamka Nairobi maneno hayo mawili hayapishani.

Kiswahili nacho kina ritifaa, lakini yetu inasikika. Iondoe kwenye "ng'ombe" na msikilizaji atashtuka. Ritifaa ya Kiingereza katika "you're" haisikiki. Inashika tu nafasi ya herufi iliyodondoka kwenye "you are".

Kuna mtego mwingine, na huu ndio unaonivutia zaidi. Sisi tukifupisha, mara nyingi tunafupisha umiliki: mke wake huwa mkewe, ndugu yake nduguye, mwana wangu mwanangu. Neno lililobanwa linatuashiria kwamba kitu kina mwenyewe. Nomino za Kiingereza zinatia mkazo dhana hiyohiyo, kwani "the driver's seat" ni kiti cha dereva, na ritifaa ipo. Basi mwanafunzi akikutana na "it's" anaona umiliki, na ana sababu. Kumbe katika viwakilishi kama "it" mambo yamegeuka: penye ritifaa pana kitenzi, na umiliki huandikwa bila alama yoyote.

Waingereza wenyewe walichelewa kulitatua tatizo hili. Biblia ya King James ya 1611 ilipochapwa mara ya kwanza haikuwa na "its" hata mara moja. Kitu kisicho na uhai mara nyingi kilimilikishwa kwa "his". Neno "its" lilikuwa bado geni, na kwa muda mrefu baadaye waandishi wengi waliliandika kwa ritifaa wakimaanisha umiliki.

Kipimo ninachokiamini tayari tunacho mdomoni. Geuza sentensi iwe Kiswahili. Ukipata "-ake", "-ako" au "-ao", usiweke ritifaa. Ukipata "ni", "u", "wa" au "ime", iweke. "The matatu lost its mirror": matatu imepoteza kioo chake. "It's full": imejaa. "They're at the stage": wako steji. "Their money": pesa zao. Na "there" huangukia pale au kuna, kwa hiyo halichanganyiki tena na hayo mawili. Kiingereza kinayapa maneno haya sauti moja. Kiswahili kinayatenga kabisa. Ndiyo maana naumia nikisikia mtoto akikatazwa Kiswahili ili Kiingereza chake kinyooke. Ananyang'anywa kipimo.

Kipimo hiki kina pahala kinapoteleza. Kwenye karai la kunawia la hoteli ndogo mtu huandika "WASH YOUR HANDS". Kwa Kiswahili tunasema tu "nawa mikono". "Yako" haitamkwi, kwa kuwa mikono ya nani tena? Viungo vya mwili huachiwa hivyo: ameumia mguu, nyoa nywele. Hapo jaribu kurudisha umiliki. "Nawa mikono yako" inakubalika, ingawa ni nzito. "Nawa u mikono" haina maana hata kidogo. Andika "your".

Lakini panapowashinda hata wasomi, kipimo kinasimama imara. "Your coming late annoys me" au "you're coming late"? Ya kwanza ni kuchelewa kwako kunaniudhi: "-ako" hiyo hapo, japo linalomilikiwa ni tendo wala si kitu cha kushikika. Ya pili ni unachelewa kuja. Ngeli ya "ku" imefanya kazi ambayo sarufi ya darasani huieleza kwa kurasa nzima.

Ndani ya kibanda kile, juu ya kioo, kuna maandishi mengine ya brashi ileile: "WHO'S NEXT". Nani anafuata? Ni kitenzi, na ritifaa imekaa mahali pake. Ingekuwa zamu ya nani, angehitaji "whose". Hapo juu ya kioo mchoraji amepata.