Edipode: Mfalme au mtawala?

TAFSIRI za fasihi ya Wagiriki wa kale katika Kiswahili ni za kuhesabu kwa vidole. Mojawapo ni Mfalme Edipode, tamthilia ya Sophocles iliyofasiriwa na Samuel Mushi na kuchapishwa na Oxford University Press mwaka 1971. Mushi huyu ndiye aliyetupa Makbeth ya Shakespeare, na ndiye aliyekuja kuwa profesa wa sayansi ya siasa katika Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Kwa sababu hiyo ya pili, nataka leo tulipime neno moja tu la kazi yake, tena la kwenye jalada: mfalme.

Wagiriki walikuwa na maneno mawili. Basileus ni yule aliyerithi kiti cha ukoo wake. Tyrannos ni aliyekipata kwa njia nyingine: mabavu, hila, au hata kwa kupendwa na watu. Mwanzoni neno hili la pili halikuwa tusi. Lakini Waathene walimfukuza tyrannos wao wa mwisho, Hippias, mwaka 510 K.K., na enzi ya Sophocles walikuwa wakijitawala kwa mkutano wa raia wanaume na kwa mahakama ambazo waamuzi wake walipatikana kwa bahati nasibu. Wanawake, watumwa na wageni hawakuhesabiwa, ndiyo. Hata hivyo, hadhira hiyo iliposikia tyrannos jukwaani, lazima masikio yasimame.

Sasa hebu tutazame hadithi yenyewe. Edipode anaingia Thebes kama mgeni, anategua kitendawili cha Sphinx, mji unampa kiti. Hakurithi, alistahili. Kumbe ni mwana wa Laius, mfalme aliyetangulia, na ndiye aliyemuua! Bernard Knox, katika makala yake ya mwaka 1954, alionyesha jambo ambalo mfasiri yeyote angepaswa kuliweka mezani: ukweli huo unapofichuka, ndipo korasi inapomwita Edipode basileus. Yaani anapata haki ya kuitwa mfalme saa ile ile anapoangamia. Ukimwita mfalme tangu jalada, umekitegua kitendawili kabla hakijategwa.

Kuna watakaosema nachambua unywele. Sidhani. Hapa kwetu Kakamega tofauti hii haihitaji kamusi. Kwa Wawanga, Mumia alikuwa Nabongo kwa damu. Kiti kilikuwa cha ukoo wake. Lakini serikali ya kikoloni ilimpandisha mwaka 1909 akawa chifu mkuu, na maajenti kutoka Wanga wakapelekwa kusimamia jamii nyingine za Waluhya, wakiwemo Wabukusu. Mwambie Mbukusu wa wakati ule kwamba yule aliyeletewa ni mfalme wake, uone kama atakubali. Mtu mmoja anaweza kuwa mfalme upande huu wa mto na mtawala tu upande wa pili.

Je, Mushi angetumia neno gani? Dhalimu lingemhukumu Edipode kabla hajafungua kinywa. Dikteta lina harufu ya karne ya 20. Kigogo lina utamu wake, na waliosoma Kigogo ya Pauline Kea wanajua linavyomvaa Majoka, ila linatuambia ukubwa wa mtu bila kutuambia alivyoupata. Mimi naona mtawala lingetosha. Halimpi taji, halimnyang'anyi, linamwacha msomaji akisubiri. Kisha mfalme lingewekwa akiba hadi pale korasi inapolihitaji.

Tumtendee Mushi haki. Walatini walisema Rex, Waingereza wakasema King, naye akafuata njia iliyokwisha kukanyagwa. Isitoshe, jina la tamthilia pengine halikutoka kwa Sophocles mwenyewe; Aristotle anaitaja kwa jina la Oedipus tu. Lakini hoja hii haiokoi jalada, maana neno tyrannos limo ndani ya mazungumzo yenyewe. Korasi inaimba kuhusu kiburi kinachomzaa mtawala wa aina hiyo, na papo hapo inazisifu sheria ambazo hakuna binadamu aliyezitunga. Na Kreon, anapotishwa na shemeji yake, anamkumbusha kwamba mji si wake peke yake. Kauli kama hiyo mbele ya mfalme wa kurithi ni utovu wa adabu. Mbele ya mtawala aliyewekwa na mji, ni hoja ya kikatiba.

Hapo ndipo pana uzito. Kifungu cha kwanza cha Katiba ya Kenya ya 2010 kinasema mamlaka yote ni ya wananchi. Ilhali magazeti yetu, hata haya ya Kiswahili, hayaishi kuwavika wanasiasa ufalme: mfalme wa siasa za Magharibi, mfalme wa kura za vijana, na hakuna anayeuliza kiti kilitoka kwa nani. Atakayefasiri tena tamthilia hii, na ningependa afasiri moja kwa moja kutoka Kigiriki, aanze na swali hilo. Mwalimu naye anaweza kuanza nalo kesho darasani, kabla wanafunzi hawajafungua ukurasa wa kwanza.