Jasho Lisilo na Jina: Sanaa ya Richard Farnsworth

Uhakiki wa filamu, sawa na uhakiki wa tamthilia, umezoea kumtazama mhusika mkuu, yule ambaye watazamaji wa Afrika Mashariki humwita stelingi. Ni nadra mhakiki kuuliza ni nani hasa aliyeanguka kutoka farasini wakati stelingi alipopigwa risasi. Swali hilo si la udaku. Ikiwa mhusika mmoja amejengwa kwa miili miwili, na ni mmoja tu unaotajwa, basi sifa ya uigizaji ni ya nani?

Maisha ya kazi ya Mmarekani Richard Farnsworth (1920–2000) yanatoa jibu lenye uzito. Aliingia katika filamu mwaka 1937, angali kijana, kwa sababu ya ustadi wake wa kupanda farasi. Kwa takriban miaka 40 kazi yake kubwa ilikuwa kuanguka na kuumia kwa niaba ya wengine. Katika *Red River* (1948) alichukua nafasi ya Montgomery Clift penye hatari. Kazi bora ya aina hii ni ile isiyotambulika. Mtazamaji akigundua kwamba mwili umebadilishwa, fani imeharibika. Lakini kutotambulika katika picha ni jambo moja, na kutotajwa katika orodha ya wasanii ni jambo jingine. La kwanza ni sharti la sanaa. La pili ni uamuzi wa wenye mitaji. Si ajabu kwamba mwaka 1961 Farnsworth alikuwa miongoni mwa waanzilishi wa chama cha wenye kazi hiyo huko Hollywood.

Umaarufu ulimjia uzeeni. Kwa nafasi ya mzee Dodger katika *Comes a Horseman* (1978) aliteuliwa kuwania tuzo ya Oscar ya mwigizaji msaidizi. Katika *The Grey Fox* (1982), filamu ya Kanada, aliigiza Bill Miner, mnyang'anyi anayetoka gerezani mwaka 1901 na kukuta dunia imebadilika.

Huenda ikadaiwa kwamba mzee huyu hakuigiza, bali alikuwa yeye mwenyewe tu mbele ya kamera. Dai hilo ni dhaifu. Mtu wa kuanguka hana maneno. Humweleza mhusika kwa uzito wa mwili, kwa namna ya kukaa, kugeuka na kungoja. Hiyo ndiyo lugha aliyojifunza Farnsworth kwa miongo minne, na ndiyo anayoitumia katika *The Straight Story* (1999) ya David Lynch. Hapo anaigiza Alvin Straight, mzee aliyesafiri kweli mwaka 1994 kutoka Iowa hadi Wisconsin juu ya trekta dogo la kukatia nyasi ili amwone ndugu yake mgonjwa. Mpanda farasi wa zamani sasa amepanda chombo kinachotambaa. Katika baa, Alvin anasimulia jinsi alivyomuua mwenzake vitani bila kukusudia, na mwili wake karibu hautikisiki. Mtazamaji anaona mzigo kabla hajausikia. Wakati huo Farnsworth mwenyewe alikuwa akiugua saratani. Aliteuliwa tena kuwania Oscar, safari hii ya mwigizaji bora, akiwa na umri wa miaka 79.

Kasoro ipo, nayo si yake. Katika filamu kama *The Natural* (1984) watayarishaji waliridhika na sura ya mzee mwema, wakaacha ukali ambao *The Grey Fox* ilikuwa imekwisha kuuonyesha. Walinunua sura, si ustadi.

Kwa hiyo haifai kuigawa kazi ya Farnsworth katika vipindi viwili, cha kibarua na cha msanii. Usanii wa mwaka 1999 ulikuwa umekwisha kuanza katika vumbi la 1937. Uhakiki unaoanza na jina lililoandikwa kwenye pazia humpa stelingi sifa ya jasho la mwingine.