Chombo cha Nuru ya Nyota

Kijana mmoja wa sekondari aliniletea insha yake niisome. Ndani yake fundi ameunda chombo kinachokusanya nuru ya nyota, na kwa nguvu ya nuru hiyo humrudisha mtu katika siku zilizopita. Fundi anarudi nyuma miaka kumi, anaizuia ajali iliyomwua kaka yake, kisha anarejea nyumbani na kula naye chakula cha jioni. Pembeni mwalimu alikuwa ameandika kwa wino mwekundu: "Nuru ya nyota haina nguvu. Upuuzi." Kijana akaniuliza kama hukumu ile ilikuwa ya haki.

Kwa maoni yangu, mwalimu alishika kipimo kisichofaa. Ni kweli nuru ya nyota ni dhaifu, lakini mhakiki hakipimi chombo cha hadithi kama fundi apimavyo mtambo. Katika Kusadikika, kitabu kilichotoka mwaka 1951, Shaaban Robert aliielekeza nchi yake angani. Hatumdai atuambie imeshikiliwa na nini. Tunamsikiliza Karama, aliyeshitakiwa kwa kufundisha uanasheria, akiwataja wajumbe waliotumwa pande zote kutafuta mema, nao waliporudi wakatiwa gerezani. Nchi ile imewekwa mbali ili tuzione vizuri zetu zilizo karibu.

Chombo cha wakati nacho hupimwa hivyo hivyo. Mwaka 1895 Mwingereza H. G. Wells alitoa riwaya ya The Time Machine. Mashine yake ina metali, pembe ya ndovu na jiwe king'aavu, wala hatuambiwi inaendeshwa na nguvu gani. Msafiri anafika mwaka 802,701, katika bonde la mto Thames. Juu ya ardhi wanaishi Eloi, watu wazuri, wavivu, wasiojua kazi. Chini ya ardhi wanaishi Morlocks, wanaohudumia mitambo gizani, na usiku hupanda juu kuwala Eloi. Msafiri anang'amua kwamba hao ni wajukuu wa mabwana na wa wafanyakazi wao. Wells aliyajua matabaka hayo. Mama yake alikuwa msimamizi wa watumishi katika jumba la matajiri, naye mwenyewe katika ujana wake alikuwa mwanagenzi katika duka la vitambaa. Aliwapeleka wasomaji wake mbali sana ili wauone mji wao wa London.

Tena safari ile ina gharama. Msafiri anampoteza Weena, rafiki yake wa Eloi, asiweze kumwokoa. Anarudi na maua mawili meupe yaliyonyauka mfukoni, basi.

Hapo ndipo insha ya kijana wetu ilipopungukiwa. Kosa lake si udhaifu wa nuru. Kosa ni kwamba chombo kimemfanyia fundi kila kitu, naye hakulipa chochote. Machozi yamefutwa kabla sisi wasomaji hatujapata nafasi ya kulia.

Na dawa ilikuwa ndani ya nuru yenyewe. Tazama Kilimia, nyota ambazo wazee wetu walizipa jina linalotokana na kulima. Nuru yao tuionayo usiku huu iliondoka huko yapata miaka 440 iliyopita, katika karne ile ile ambayo Wareno walianza kujenga Ngome ya Yesu, Mombasa. Tunaziona zilivyokuwa zamani, lakini hatuwezi kubadili lolote. Nuru ya nyota hutuonyesha yaliyopita, haiturudishi huko. Kama kijana angeifuata tabia hiyo, fundi angemwona kaka yake akitembea barabarani, asiweze kumshika mkono wala kumwita. Hadithi hiyo isingesahaulika.

Nilimweleza hayo. Akainamisha kichwa, kisha akaniambia kwamba kaka yake alifariki kweli, barabarani, yeye akiwa darasa la tatu.

Walimu wenzangu katika kazi hii ya lugha, kabla ya kuandika neno "upuuzi", na tuulize chombo kimeundwa ili kifanye nini. Kijana amekwisha chukua daftari lake kwenda kuiandika upya. Chombo hajakibadili.