Ukimya Badala ya Msimulizi: Uandishi wa Mswada wa Filamu ya Vuta N'kuvute

Katika kuigeuza riwaya ya Adam Shafi, Vuta N'kuvute, kuwa filamu (2021), Amil Shivji na Jenna Bass walimkosa msimulizi. Mawazo ya Yasmini, ambayo riwaya huyaeleza moja kwa moja, sharti yawe tendo au mtazamo. Walichagua ukimya, na mapenzi yake na Denge yakapata uzito ambao maelezo marefu yangeupunguza. Siasa ya Denge, hata hivyo, haitoshelezwi na ukimya. Mpigania uhuru hushawishi kwa hoja, na hoja huhitaji Kiswahili cha barazani, chenye ubishi na mizaha ya Unguja. Hapo mswada umebana mno: Zanzibar ya miaka ya 1950 inaonekana vizuri kuliko inavyosikika, hasara isiyotambuliwa na mtazamaji anayetegemea tafsiri iliyoandikwa chini ya picha.