Kodi, Mfadhili na Binafsi: Tahakiki ya Istilahi za Ankara za Upandikizaji wa Seli Shina

Imeletwa mbele yetu, ili tuitolee maoni, rasimu ya faharasa iliyotungwa na mfasiri mmoja kwa ajili ya wasemaji wa Kiswahili wanaotibiwa nchini Marekani. Faharasa hiyo inahusu jambo ambalo wengi wetu hatukulizoea, yaani misimbo na ankara za hospitali kwa matibabu ya upandikizaji wa seli shina. Kazi imefanywa kwa bidii, na mtungaji wake anastahili shukrani. Hata hivyo, baada ya kuipitia mara mbili, tumeona kuwa ina kasoro moja kubwa, tena kasoro ambayo si yake peke yake. Huwapata watunzi wengi wa istilahi, na sisi wa ofisi hii tukiwamo. Ndiyo maana tumeona yafaa kuijadili katika kurasa hizi badala ya kumjibu mwenzetu kwa barua.

Huenda msomaji akauliza: ankara za Marekani zatuhusu nini? Jibu letu lina pande mbili. Kwanza, wako huko maelfu ya wasemaji wa Kiswahili, wengi wao wakiwa wakimbizi waliotoka Kongo. Sheria ya Haki za Raia ya mwaka 1964, pamoja na kifungu cha 1557 cha sheria ya afya ya mwaka 2010, zinazitaka hospitali zinazopokea fedha za serikali ya shirikisho ziwasaidie kwa lugha waielewayo wagonjwa wasiokijua Kiingereza vizuri. Pili, tiba yenyewe imekwisha kufika kwetu. Hospitali ya Taifa Muhimbili ilianza upandikizaji wa uloto mwaka 2021, Hospitali ya Benjamin Mkapa ya Dodoma nayo ikawatibu kwa njia hiyo watoto wenye selimundu, na mwaka 2023 Bunge la Tanzania likapitisha Sheria ya Bima ya Afya kwa Wote. Maneno yatakayozoeleka katika karatasi za ng'ambo yaweza kesho kuwa katika karatasi zetu.

Ili hoja zetu zieleweke, hatuna budi kwanza kueleza mambo yalivyo. Seli shina za damu ni zile ambazo kutokana nazo huzaliwa seli nyingine zote za damu. Hupatikana katika uloto, katika damu inayozunguka mwilini, na katika damu ya kitovu cha mtoto aliyezaliwa. Mgonjwa hupewa kwanza dawa kali, na pengine mionzi, ili kuuangamiza uloto wenye maradhi. Kisha hutiwa seli shina kwa njia ya mshipa, kama vile mtu anavyoongezewa damu. Seli hizo zaweza kuwa zake mwenyewe, zilizochukuliwa na kugandishwa kabla ya dawa hizo kali, au zaweza kuwa za mtu mwingine, awe ndugu au mtu asiyemjua kabisa. Tofauti hii ya pande mbili ndiyo mhimili wa tiba yote, na ndiyo mhimili wa ankara pia.

Hospitali ya Marekani haimwandikii mwenye bima maelezo marefu ya mambo iliyoyafanya, bali huandika tarakimu. Ugonjwa huandikwa kwa msimbo wa Uainishaji wa Kimataifa wa Magonjwa, toleo la kumi lililorekebishwa kwa matumizi ya nchi hiyo, ambalo limetumika huko tangu Oktoba 1, 2015. Matendo ya madaktari nayo huandikwa kwa misimbo ya Chama cha Madaktari cha Marekani, ijulikanayo kwa herufi CPT. Humo 38240 ni kupandikiza seli za mtu mwingine, na 38241 ni kupandikiza seli za mgonjwa mwenyewe. Hali kadhalika, 38205 ni kuchukua seli kutoka katika damu ya mtu mwingine, na 38206 ni kuzichukua kutoka katika damu ya mgonjwa mwenyewe. Zikichukuliwa katika uloto, misimbo ni mingine: 38230 na 38232. Msomaji ataona kuwa mara nyingi tarakimu moja tu ndiyo itenganishayo jambo na jambo.

Kuna tofauti nyingine iliyo kubwa zaidi kwa mfuko wa mgonjwa. Seli zinapotoka kwa mtu mwingine, ankara ya hospitali huwa na mstari wa pekee, wenye namba 0815, kwa ajili ya gharama za kuzipata seli hizo: vipimo vya ulinganifu, uchunguzi wa afya ya yule anayezitoa, kazi ya kuzichukua na kuzitayarisha. Chini ya kanuni za Medicare, bima ya serikali kwa wazee na baadhi ya walemavu, gharama hizo huingizwa katika ankara ya mpokeaji. Aliyetoa seli haandikiwi ankara. Tena, tangu Oktoba 1, 2020 Medicare huzilipa hospitali gharama hizo kando, kwa kadiri ya matumizi halisi yanayokubalika. Mgonjwa anapotumia seli zake mwenyewe, mstari huo haupo, kwani hakuna kilichopatikana kwa mtu.

Sasa tuitazame rasimu. Mtungaji ameita msimbo "kodi". Yule anayetoa seli amemwita "mfadhili". Na upandikizaji wa seli za mgonjwa mwenyewe ameuita "upandikizaji binafsi". Kila neno kati ya haya, likisimama peke yake katika orodha, lina utetezi wake. "Kodi" imo tayari ndani ya "postikodi", neno ambalo serikali yetu imelieneza pamoja na anwani za makazi, wala hatujasikia mtu aliyedhani kuwa ni ushuru wa barua. "Mfadhili" latokana na fadhila, na ni fadhila gani ipitayo ya mtu kuutoa uloto wake? "Binafsi" nalo lina nafsi ndani yake, na habari hapa ni ya nafsi ya mgonjwa.

Lakini istilahi hizi hazikutungwa zikae katika orodha. Zimetungwa zikae katika ankara. Tulijaribu, kwa hiyo, kuziweka pamoja katika mstari mmoja, kama vile zitakavyokutana katika karatasi ya hospitali. Tukapata hivi: "Kodi ya upandikizaji binafsi: gharama za mfadhili hazihusiki." Mtungaji alikusudia kusema kuwa huo ni msimbo wa upandikizaji wa seli za mgonjwa mwenyewe, na kwamba gharama za mtoa seli hazimo. Je, mama wa Kikongo, au babu wa Kigoma aliyehamia kwa mwanawe huko Ohio, atasoma nini? Atasoma kuwa ametozwa ushuru kwa tiba ya kulipia mwenyewe, isiyo ya umma, na kwamba yule aliyeahidi kumlipia amejitoa. Hakuna hata neno moja la Kiswahili lililokosewa sarufi katika mstari huo, na bado maana yake imegeuka yote.

Kisa chake ni nini? Neno lenye maana nyingi huifuata ile iliyo karibu na majirani zake. Katika anwani, majirani wa "kodi" ni mtaa, kata na nyumba. Hakuna fedha, basi maana ya ushuru hulala. Katika ankara, majirani wake ni jumla, deni na tarehe ya kulipa. Maana ya ushuru huamka mara moja. Ndivyo ilivyo kwa "mfadhili", ambaye katika habari za fedha ni mtu anayelipa, na kwa "binafsi", ambalo katika habari za hospitali ni kinyume cha umma. Maneno matatu haya yalikuwa na maana ya fedha iliyojificha, nayo yakapelekwa mahali pa fedha.

Yuko atakayetupinga akisema kuwa muktadha husahihisha yote, na kuwa hakuna lugha duniani isiyo na maneno yenye maana nyingi. Twakubali hilo kwa mazungumzo. Daktari anapozungumza na mgonjwa, mkalimani yupo, uso upo, na swali laweza kuulizwa. Ankara haiji hivyo. Hufika nyumbani kwa posta, wiki kadhaa baada ya mgonjwa kutoka hospitali, na mara nyingi anayeisoma ni mtoto wa shule. Hapo muktadha wenyewe ndio unaopotosha. Na lililo hatarini si uzuri wa lugha. Ndugu aliyekuwa tayari kutoa seli, akisoma "gharama za mfadhili" kwa shilingi au dola elfu nyingi, aweza kudhani kuwa deni hilo ni lake, akarudi nyuma. Mgonjwa naye aweza kulipa asichodaiwa, au asilalamikie kosa la msimbo lililo wazi, kwa kuwa haelewi kuwa ni msimbo.

Katika kutafuta badala ya "mfadhili", sisi wenyewe tuliteleza mara mbili, na ni haki tuseme. Kwanza tulipendekeza "mchangiaji", tukifuata "mchangia damu", neno lililokwisha kukubalika na watu. Mwenzetu mmoja akatukumbusha kuwa tangu miaka ya 1990 wananchi wa Tanzania wamejua maana ya "kuchangia gharama" za matibabu. "Mchangiaji" ndani ya ankara angekuwa yule anayelipa sehemu ya bei. Tukahamia "mtoaji", tukaridhika kwa siku mbili, mpaka tulipoona kuwa katika habari za bima "mtoa huduma" ni hospitali yenyewe. Neno "mtoaji" tupu, kwa hiyo, lingeweza kumfanya aliyetoa seli awe ndiye anayedai fedha. Tulikuwa tumelitenda kosa lile lile tulilolikusudia kulikosoa.

Yako pia mambo mema katika rasimu, nasi hatupendi kuyaficha. "Upandikizaji" ni neno la mkulima ahamishaye miche, na kila msomaji analo. Zaidi ya hayo, mtungaji ameeleza hatua ya seli mpya kuanza kuzaa damu mwilini kwa neno "kushika", kama mche ulioshika. Twaliona kuwa teule zuri kuliko lolote tulilokuwa nalo sisi. "Seli shina" nalo linafaa: walimu wa sarufi wanalijua shina kuwa ndilo lizaalo maneno, na tangu "selimundu" lilipozoeleka, neno "seli" si geni tena. Ila twaonya juu ya jambo moja. Rasimu imetumia "uloto" na "seli shina" kana kwamba ni kitu kimoja. Katika mazungumzo haidhuru. Katika misimbo ni kosa, kwa sababu rekodi ya mtu aliyepandikizwa uloto huandikwa Z94.81, na ya aliyepandikizwa seli shina Z94.84. Kuhusu "uloto" na "uboho", yote mawili ni Kiswahili safi cha kitu kile kile. Twashauri hati moja ishike neno moja tu.

Mapendekezo yetu, basi, ni haya:

1. "Msimbo" (wingi "misimbo") litumike katika habari zote za ankara na madai ya bima. Kazi ya kuiandika iitwe "usimbaji". "Kodi" libaki kwa ushuru na pango.

2. "Mtoa seli" na "mpokea seli" yatumike daima kwa ukamilifu wake, bila kukatwa, hata pale nafasi inapokuwa finyu.

3. "Upandikizaji wa seli za mgonjwa mwenyewe" na "upandikizaji wa seli za mtu mwingine" yatumike badala ya istilahi fupi. Tunajua kuwa ni marefu. Lakini urefu wa maneno sita ni afadhali kuliko ufupi uletao deni lisilokuwapo.

4. Mstari wa 0815 uitwe "gharama za kupata seli za mtu mwingine", wala usiitwe gharama za mtoa seli, ili isidhaniwe kuwa yeye ndiye mwenye kuzilipa.

Juu ya yote hayo twaongeza pendekezo la utaratibu. Mpaka sasa tumezoea kuzipima istilahi kwa usahihi wa sarufi, kwa ufupi, na kwa ulinganifu na neno la asili. Vipimo hivyo ni vya haki, lakini havikutosha kuikamata "kodi ya upandikizaji binafsi". Ilipita vyote vitatu. Kipimo cha nne kiwe hiki: kabla istilahi haijapitishwa, iandikwe ndani ya hati ile ile itakamotumika, kisha asomewe mtu ambaye hakuwamo kikaoni, naye aulizwe ameelewa kuwa nani anadaiwa nini. Akijibu vingine, kosa si lake.

Tumemrudishia mtungaji rasimu yake pamoja na maelezo haya. Wafasiri, walimu na watumishi wa hospitali na wa bima wenye maoni tofauti, hasa wale walio na neno bora kuliko "mtoa seli", wanaombwa watuandikie, nasi tutayachapa maoni yao katika toleo lijalo.