Sasa, Zamani na Malimwengu: Uhakiki wa Istilahi za Wakati

Miongoni mwa maneno ya Kiswahili yaliyosafiri mbali katika vyuo vikuu vya dunia, hatuna budi kuyataja mawili: sasa na zamani. Aliyeyasafirisha ni marehemu John Mbiti wa Kenya, katika kitabu chake cha Kiingereza juu ya dini na falsafa za Kiafrika kilichotoka mwaka 1969. Alieleza kuwa aliyachagua ili kujiepusha na mawazo yanayoambatana na maneno ya Kiingereza. Kisha akajenga juu yake nadharia nzito, kwamba kwa Mwafrika wa jadi wakati una vipimo viwili tu, yaani zamani ndefu na sasa, ilhali wakati ujao karibu haupo, isipokuwa ule ulio jirani mno ambao umekwisha kuingizwa ndani ya sasa.

Wanafalsafa wameikosoa nadharia hiyo mara nyingi, wala hatukusudii kurudia hoja zao. Sisi twaitazama kwa jicho la istilahi. Walimu wa fizikia na hisabati wa hapa Songea hutuuliza maneno ya kuelezea wakati, na siku hizi hata nadharia ya kuwapo kwa malimwengu mengi. Wamo kati yao wanaoamini, kwa kuwa wamesoma hivyo kwa mwanachuoni mkubwa, kwamba lugha zetu haziyawezi mambo yajayo. Mwalimu mwenye imani hiyo hukimbilia Kiingereza kabla hajajaribu, na mwanafunzi wake hukariri asichokielewa.

Yafaa ikumbukwe kwamba ushahidi wa Mbiti haukutoka katika Kiswahili. Aliutoa hasa katika vitenzi vya Kikamba na Kigikuyu, ambamo aliona njeo za wakati ujao zisizovuka miezi michache au miaka miwili hivi. Lakini majina ya nadharia akayachukua kwetu. Laiti angaliyauliza maneno yenyewe! Kiambishi -ta- hakina mpaka: mvua itanyesha jioni, na jua litazimika baada ya mabilioni ya miaka. Katika kuhesabu siku, nyuma tuna jana na juzi, baada ya hapo twalazimika kueleza kwa maneno mengi. Mbele tuna kesho, kesho kutwa, mtondo na mtondogoo. Mabaharia wa pwani nao walihesabu mwaka wa jua tangu Nairuzi kwa miongo, yaani makundi ya siku kumi kumi, wapate kujua mapema pepo zitageuka lini. Huwezi kukitweka chombo kwa kalenda isiyo na mbele.

Neno zamani lenyewe lina historia isiyokubaliana na kazi lililopewa. Asili yake ni Kiarabu, na maana yake huko ni wakati, bila kutaja uliopita wala ujao. Kiswahili cha kale kilisema zamani hizi kwa maana ya siku hizi, na hata leo twasema zamani za Mjerumani, tukilifunga neno na kipindi maalumu. Zamani ya Mbiti, inayofanana na bahari isiyo na chini ambamo kila tukio huzama, si zamani ya Mswahili. Wala si ya Mngoni. Mapokeo ya Wangoni yanasema Zwangendaba aliuvuka mto Zambezi siku jua lilipopatwa. Wanafalaki waliihesabu siku hiyo, nayo ni 20 Novemba 1835. Hesabu ile ile inayorudi nyuma huenda mbele pia, ndiyo maana kupatwa kwa jua kwa tarehe 1 Septemba 2016, kulikowavuta watu wengi Rujewa, kulitangazwa kabla hakujatokea.

Kasoro kubwa zaidi, kwa maoni yetu, imo katika neno vipimo. Katika hisabati, vitu viwili ni vipimo viwili iwapo kimoja hakiwezi kupatikana kwa kingine; nukta ya ukutani huhitaji namba mbili, ya upande na ya kimo. Katika nadharia ya Mbiti namba moja yatosha: tukio lilitokea muda gani uliopita? Basi sasa na zamani ni vipande viwili vya mstari mmoja. Hermann Minkowski alipounganisha wakati na anga mwaka 1908, wakati aliupa kipimo kimoja tu, cha nne.

Hapa Kiswahili chatupa faida ambayo walimu wengi hawaitumii. Neno moja la Kiingereza hutumika mahali ambapo sisi tunayo mawili, wakati na muda. Umbali hugawanywa kwa muda, tukapata mwendo. Tukio huwekwa kwenye wakati wake. Mwalimu anayesema wakati pote pote huutupa upambanuzi ambao wenzetu wangeufurahia.

Tuje kwenye malimwengu. Mwaka 1957 Hugh Everett wa Marekani alipendekeza kwamba mlinganyo wa hali katika fizikia ya chembe haukatiki tunapopima, bali kila tokeo linalowezekana hutokea katika tawi lake. Pendekezo hilo halijathibitishwa, lakini mwalimu lazima alitaje kwa jina. Tumeona mapendekezo matatu. La kwanza, ulimwengu-wingi, twalikataa. Upatanisho wataka ulimwengu mwingi, na hata hapo maana ni ukubwa wala si idadi. La pili ni malimwengu sambamba. Linapendeza masikioni, na katika hadithi za kubuni libaki, lakini mistari sambamba haikutani popote, ilhali malimwengu ya Everett yana shina moja. La tatu, malimwengu tanzu, ndilo tunaloliunga mkono kwa nadharia hiyo peke yake. Wanafalaki wengine huwaza malimwengu yaliyotengana tangu mwanzo, nayo hayana utanzu wowote; hayo na yaitwe malimwengu mengi, basi.

Wako watakaosema malimwengu ni misukosuko ya dunia. Ni kweli. Pembe nayo ni ya ng'ombe, na hatujasikia mwanafunzi wa jiometri akiiogopa.

Kwa kufundishia tanzu hizo tunacho chombo tayari, nacho ni -nge- na -ngali-. Ungeirusha sarafu, ingeanguka kichwa au mwenge: njia bado ziko wazi. Ungaliirusha, ingaliweza kuanguka mwenge: utanzu huo umekwisha kutupita. Sharti tu mwalimu asivichanganye viambishi hivyo viwili katika sentensi moja, kosa ambalo hata magazeti yetu hayajaliacha.